Dakika Moja ya Korongo Inagharimu Kiasi Gani?

Kila anayependa kupiga picha ameshaiona ile picha: kuta za mwamba wa rangi ya chungwa inayoishia kwenye zambarau, zimepindana na kukaribiana, na katikati yake mwali mmoja wa jua umeshuka kutoka juu hadi mchangani. Ni Antelope Canyon, korongo jembamba lililo kando ya mji mdogo wa Page, kaskazini mwa jimbo la Arizona nchini Marekani, ndani ya ardhi ya Wanavajo, wenyeji wa asili wa eneo hilo. Humo ndimo Peter Lik, mpiga picha wa Australia, alimopigia picha aliyoiita Phantom, ambayo Desemba 2014 kampuni yake ilitangaza kuwa imeuzwa dola milioni 6.5 kwa mnunuzi asiyetajwa jina. Wajuzi wa soko la sanaa waliitilia shaka bei hiyo, lakini habari ilikuwa imeshaenea, na foleni ya wanaotaka kusimama palepale haijakatika mpaka leo. Wamo na ndugu zetu wanaoishi Phoenix, Dallas, Columbus na Minneapolis, pamoja na wageni wao wanaotoka Nairobi, Dar es Salaam au Bukavu kuja kuwaona.

Naandika makala haya kwa sababu wengi wao wanalipa fedha nyingi kwa kitu ambacho hawakukusudia kununua. Mtu amebeba kamera nzuri, lenzi mbili na stendi ya miguu mitatu, amesafiri kilomita mia kadhaa, kisha mlangoni anaambiwa stendi irudi kwenye gari, na mkoba nao urudi. Ndani anakuta yuko katika msururu wa watu kumi na wawili, na nyuma yao kuna msururu mwingine unaosukuma. Anatoka na picha za visogo. Tatizo si korongo wala waongozaji. Alinunua safari isiyokuwa yake.

Kwa hiyo tuanze na jambo ambalo matangazo mengi hayaliweki mbele. Antelope Canyon ina sehemu mbili maarufu zinazouzwa kwa tiketi tofauti: Upper, nitakayoiita Korongo la Juu, na Lower, Korongo la Chini. Zamani kulikuwa na safari maalumu za wapiga picha katika sehemu hizo, watu wachache wenye stendi zao, na mwongozaji akiwazuilia wengine njia mpaka wamalize. Safari hizo zilisitishwa. Kufikia mwisho wa mwaka 2019 zilikuwa zimekwisha. Leo ukiingia Korongo la Juu au la Chini huruhusiwi kuwa na stendi, fimbo ya selfi, wala mkoba wa kamera, na kupiga video kumekatazwa. Unabaki na kamera shingoni au simu mkononi. Ukikutana na ukurasa wa zamani au kitabu cha safari kinachosifia safari ya picha ya Korongo la Juu, jua kwamba habari zake zimepitwa na wakati.

Safari za picha zenyewe hazikufa. Zilihamia makorongo ya jirani, yaliyomo katika ardhi hiyohiyo na yaliyochongwa na maji ya mvua katika mwamba uleule wa mchanga: Canyon X, Secret Canyon, Rattlesnake, Owl, Cardiac na mengineyo. Si kila moja lina safari ya wapiga picha kila siku, lakini huko ndiko kunakopatikana kikundi kidogo, ruhusa ya stendi na muda wa kutosha. Hapo ndipo hesabu ya gharama inapobadilika kabisa, na ndiyo hesabu ninayotaka tuifanye pamoja.

Kumbuka kwanza kwamba hakuna njia ya kuingia makorongo haya peke yako. Tarehe 12 Agosti 1997 mvua kubwa ilinyesha kilomita kadhaa juu ya Korongo la Chini, wakati penyewe korongoni haikunyesha sana. Maji yakaja ghafla na kuwakuta watu chini; ngazi za wakati huo zikasombwa, na watalii 11 wakafa, wengi wao Wafaransa. Aliyeokoka alikuwa mwongozaji mmoja. Tangu wakati huo eneo hilo ni hifadhi ya Wanavajo inayoingiwa kwa kuongozwa tu, na Korongo la Chini lina ngazi za chuma zilizofungwa kwenye mwamba. Msomaji wa Kenya hahitaji maelezo marefu hapa: korongo la Njorowa katika Hifadhi ya Hell's Gate liliua watu kwa namna hiyohiyo mwaka 2012 na tena 2019, maji yakitoka kwenye mvua ambayo waliokuwa chini hawakuiona. Kwa hiyo ninaposema bei ya mwongozaji ni kubwa au ndogo, sisemi kwamba mwongozaji angeweza kuondolewa. Sehemu ya fedha hiyo ni ya mtu anayejua mawingu yaliyo mbali yanamaanisha nini, na nyingine ni ya jamii ambayo ardhi ni yake. Wanavajo walizifunga hifadhi zao tangu Machi 2020 mpaka Julai 2021 kwa sababu ya korona, na katika muda wote huo familia zinazoishi kwa kuongoza wageni hazikuwa na mgeni wa kuongoza. Sioni haya kulipa.

Ninachokipima ni kitu kingine: dakika. Mwenye kamera analipia muda wa kusimama mbele ya ukuta bila kichwa cha mtu mwingine kwenye fremu. Chukua muda ambao kikundi kinakaa ndani ya korongo, si muda wa safari nzima unaohesabu na mwendo wa gari, ugawe kwa idadi ya watu katika kikundi. Jibu ni dakika zako za kuwa mbele. Kisha bei ya tiketi igawe kwa dakika hizo.

Tujaribu kwa bei za makadirio, kwa kuwa kampuni hubadilisha bei kila msimu na hata kwa saa ya siku. Tuseme Korongo la Juu wakati wa adhuhuri ni dola 150, mtakaa ndani dakika 60, na mko watu 12. Dakika zako ni 5, na kila moja imekugharimu dola 30. Korongo la Chini tuseme ni dola 80, muda uleule, watu walewale: dakika 5, kila moja dola 16. Safari ya picha katika korongo la jirani tuseme ni dola 200, mtakaa ndani muda wa saa mbili, na mko 6. Dakika zako ni 20, kila moja dola 10. Tiketi iliyoonekana ghali kuliko zote ndiyo iliyo rahisi kuliko zote. Mtu anayelinganisha bei za juu tu kwenye skrini ya simu hatalijua hili, na ndiyo maana safari ya adhuhuri ya Korongo la Juu hujaa miezi mingi kabla, huku nafasi za wapiga picha jirani zikiwa bado zinapatikana.

Haki ya Korongo la Juu nayo isemwe. Umaarufu wake haukuja bure. Limebanwa juu na kupanuka chini, hivyo jua la mchana hupenya kwenye nyufa nyembamba tu na kushuka kama nguzo. Miali hiyo huonekana kuanzia mwishoni mwa Machi mpaka mwanzoni mwa Oktoba, kati ya saa tano na saa saba mchana hivi, na saa hizo ndizo zinazouzwa ghali. Njia yake ni tambarare, mchanga mtupu chini, hakuna ngazi za kushuka kwenda ndani; ukitoka upande wa pili unarudi kwa kuzunguka nje, na huko kuna ngazi za kupanda na kushuka. Mama mzee anayetembea vizuri ataingia bila taabu, ila uulize mapema kuhusu njia ya kurudia.

Na mwali wenyewe una siri yake ya kazi. Mwanga hauonekani hewani mpaka kuwe na kitu cha kuukinga. Kwa hiyo waongozaji wengi wamekuwa wakichota mchanga mkavu kwa kikoleo na kuurusha juu ndani ya mwali. Kwa sekunde chache za mwanzo huoni chochote ila chembe zinazoanguka na watu wanaofumba macho. Kisha chembe nzito hushuka, zile laini kama unga hubaki zikielea, na mwali unatokea mzima, mweupe, na kingo zake zimekatika wazi. Muda wa kupiga ndio huo, na ni mfupi. Mara wanaanza kuita kikundi kinachofuata. Vumbi hilohilo linaingia kwenye shingo ya lenzi, kwenye vitufe na kwenye pete za kukuza picha. Anayebadilisha lenzi mle ndani anaitafutia kamera yake fundi. Funga lenzi moja pana, ya milimita 16 hadi 35 hivi, ukiwa bado kwenye gari, na usiifungue mpaka urudi hotelini.

Bila stendi, gizani, utalazimika kupandisha ISO hadi 1600 au 3200 na kuegemeza kiwiko. Kamera za sasa zinavumilia. Lakini picha ya kuchapisha kubwa ukutani, yenye mchanga unaoonekana chembe kwa chembe, haipatikani hivyo kwa urahisi. Mwali bila stendi, katika watu kumi na wawili, kwa dola 150 ambazo ni karibu shilingi 19,500 za Kenya: mimi sishauri, isipokuwa kwa mtu ambaye mwali ndio ndoto yake na hataridhika na kingine.

Korongo la Chini ni tofauti kwa umbo. Limepanuka juu na kubanwa chini, mwanga unaingia kwa wingi, miali ni adimu, na rangi zinakaa sawasawa asubuhi na alasiri. Unashuka ngazi za chuma zilizo wima kiasi, unapita mahali ambapo mwili unageuka ubavu, na kutoka mwisho wake kupitia ufa ulio usawa wa ardhi. Ni refu kuliko la Juu na rahisi zaidi kwa bei. Mwenye simu atafurahi hapa kuliko mahali pengine popote, kwa sababu simu inataka mwanga na hapa mwanga upo. Waongozaji wa Page wanazijua simu kuliko wenyewe. Wengi watakuchukulia simu yako, wakusogezee rangi upande wa joto, wakuonyeshe ni mwamba upi ukitazamwa kutoka chini unatoa sura ya mtu au ya mnyama. Mkabidhi tu. Mwenye goti bovu au mtoto wa kubebwa asilijaribu Korongo la Chini.

Sasa safari ya picha yenyewe. Unachonunua hapo, ukiacha dakika, ni utaratibu. Kikundi kidogo kinapangwa mbele ya ukuta, walio mbele wanapiga magoti, walio nyuma wanasimama, kila stendi imekaa pake. Mwongozaji anajua saa ngapi mwanga unagonga ukuta wa mkono wa kushoto na kurudisha wekundu kwenye ukuta wa kulia, maana rangi zinazotamaniwa hazitokani na jua la moja kwa moja: ni mwanga ulioruka kutoka mwamba hadi mwamba, na kila unaporuka unaongeza wekundu. Ndiyo sababu mpiga picha mzoefu huelekeza kamera chini kidogo ili anga lisiingie kabisa kwenye fremu. Kipande kidogo cha anga jeupe kikiingia, kamera hubabaika, na kuta zote zinakuwa nyeusi. Kwa stendi unaweka ISO 100, unafunga tundu la lenzi mpaka f/11, unaacha shata wazi sekunde mbili, tano, hata kumi, na mizania ya rangi unaiweka kwenye alama ya kivuli ili uzambarau wa vivuli usipotee. Mambo haya hayafanyiki mtu akikugonga bega.

Lakini jina la safari ya picha halitoshi. Ipo kampuni itakayokuuzia tiketi yenye neno hilo, ukafika ukakuta ni kikundi cha kawaida kilichoongezewa nusu saa. Niliwahi kuuziwa ya namna hiyo: tulikuwa wengi kuliko tulivyoahidiwa, na mwongozaji, kijana mpole asiye na kosa lolote, hakuwa na taarifa kwamba tumebeba stendi. Tangu hapo sitoi kadi yangu kabla ya kupata majibu kwa maandishi. Idadi ya juu ya watu katika kikundi ni ngapi, na je, namba hiyo inaandikwa kwenye risiti? Dakika ngapi ndani ya korongo, mbali na gari? Je, kikundi cha kawaida kitapita katikati yetu, na kikipita nani anasubiri? Stendi inaruhusiwa mahali pote au sehemu fulani tu? Kampuni nzuri inajibu maswali haya siku hiyohiyo kwa sentensi fupi. Inayojibu kwa kukutumia tangazo jingine, iache. Kampuni nyingine hudai kwamba kila mshiriki awe na kamera halisi na stendi, na humkataa mwenye simu. Usikasirike, maana sharti hilo linakulinda wewe uliyelipa. Kwa sababu hiyohiyo usimlipie mwenzi wako asiyepiga picha tiketi ya dola 200 ili akae akikusubiri. Mwekee nafasi Korongo la Chini saa hizohizo, mkutane kwa chakula cha mchana.

Kuna mabasi ya siku moja kutoka Las Vegas. Kwa dola 150 hadi 250 hivi yanakuchukua alfajiri, yanaendesha zaidi ya saa nne kwenda na nyingine kama hizo kurudi, yanakuingiza Korongo la Chini au Canyon X kwa safari ya kawaida, yanasimama Horseshoe Bend, kona maarufu ya mto karibu na Page, na kukurudisha usiku. Kwa mgeni aliye peke yake asiyeendesha gari, ni nafuu kweli. Kwa mpiga picha hayafai, kwa kuwa saa ya kuingia anaichagua mwenye basi.

Upande wa pili kabisa wapo wanaouza warsha za siku kadhaa: mpiga picha mwenye jina anachukua wanafunzi wachache, anawazungusha Arizona na Utah, hoteli ndani yake au nje yake, kwa dola 2,000, 3,000 au zaidi, nauli ya ndege haimo. Jambo la kuangalia ni moja. Mwalimu huyo, hata awe maarufu namna gani, hana ruhusa ya kuwaongoza watu katika makorongo ya Wanavajo. Naye anakodi mwongozaji wa Kinavajo kama utakavyokodi wewe. Kwa hiyo ukinunua warsha, unanunua masomo, uhakiki wa picha zako jioni, na mtu anayejua wapi pa kuwa jua linapochomoza. Kama hayo unayahitaji, yana thamani yake, hasa kwa anayetaka kuigeuza kamera kuwa kazi. Kama unahitaji korongo tu, unalipia korongo mara kumi. Na soma vizuri kama kiingilio cha korongo kimo katika bei au kitadaiwa mkifika.

Wapo pia watakaouliza: je, hakuna pa kwenda bila mwongozaji kabisa? Papo, ila si kwa Wanavajo. Muda wa saa moja hivi kutoka Page, mpakani mwa Arizona na Utah, kuna Wire Pass inayokuingiza Buckskin Gulch, mojawapo ya makorongo membamba marefu kuliko yote duniani. Kibali cha siku ni dola 6 kwa mtu, kinalipwa kwa idara ya serikali ya ardhi za umma. Unaweka stendi unapotaka, unakaa unavyotaka. Kwa hesabu yetu ya dakika, hakuna kinachoshindana nayo. Gharama yake iko kwingine. Barabara ya kufika ni ya udongo, mvua ikinyesha inakuwa utelezi usiopitika, simu haishiki, ndani unaweza kukuta madimbwi ya maji baridi ya kiunoni na matope, na hakuna wa kukuambia kwamba kuna wingu zito juu ya milima usiyoiona. Miezi ya Julai hadi Septemba ni msimu wa mvua za ghafla, nami sikushauri kuingia huko peke yako katika miezi hiyo, hata asubuhi iwe na anga la buluu. Dola 6 hizo zinamfaa mtu aliyezoea kutembea porini, aliyesoma utabiri wa hali ya hewa wa eneo zima, na aliyemwachia mtu ujumbe wa saa atakayorudi.

Tukirudi Page, bei ya tiketi si mwisho wa malipo. Juu yake kuna ada ya hifadhi ya Wanavajo, ambayo kwa miaka mingi ilikuwa dola 8 kwa mtu na siku hizi imefika dola 15. Kampuni nyingine huijumlisha tangu mwanzo, nyingine huidai kaunta, na hapo ndipo tiketi iliyoonekana nafuu kwa dola 10 inapokuwa ghali kuliko jirani yake. Hifadhi risiti, ukiingia korongo la pili siku hiyohiyo, onyesha na uulize kama ada hiyo inakuhusu tena. Kadi ya mwaka ya mbuga za taifa za Marekani haitumiki hapa, kwa sababu hii si mbuga ya serikali kuu. Kodi na ada ya kuweka nafasi mtandaoni huongezwa mwishoni. Bakshishi ya mwongozaji, asilimia 15 hadi 20 kwa desturi ya huko, iweke kwenye bajeti tangu nyumbani, tena iwe noti taslimu. Horseshoe Bend, ambako kila mgeni wa Page hupita, maegesho ni dola 10 kwa gari, si kwa mtu, hivyo mkiwa watano kwenye gari moja mmefaidi. Na anayetaka kuziuza picha zake kwa tangazo au kuzipiga kwa kazi ya kibiashara anahitaji kibali kingine kutoka kwa Wanavajo, kinachoombwa mapema. Tiketi ya safari ya picha haikupi haki hiyo.

Gharama moja imewaliza watu wengi, nayo ni saa. Arizona haibadilishi saa wakati wa kiangazi. Ardhi ya Wanavajo, hata sehemu yake iliyomo ndani ya Arizona, inabadilisha. Utah, iliyo jirani, nayo inabadilisha. Kwa hiyo kuanzia Machi mpaka Novemba simu yako, kutegemea imeshika mnara upi, itaruka saa nzima mbele bila kukuuliza. Kampuni za makorongo hufuata saa ya Page, yaani saa ya Phoenix, ingawa korongo lenyewe liko kwa Wanavajo. Zima kipengele cha simu kujirekebisha saa, uiweke kwa mkono kwenye saa ya Phoenix, na thibitisha na kampuni jioni iliyotangulia. Aliyechelewa kwa kawaida harudishiwi fedha. Anayerudishiwa au kupangiwa siku nyingine ni yule ambaye safari yake imefungwa na kampuni yenyewe kwa sababu ya mvua. Hata hivyo soma masharti, maana kampuni nyingine hutoa siku nyingine tu, nawe siku hiyo utakuwa umesharudi Ohio.

Umbali nao una bei. Kutoka Phoenix au Las Vegas hadi Page ni mwendo wa saa nne na nusu hivi kwa gari. Kutoka Flagstaff ni saa mbili na kitu. Kwenda na kurudi siku moja kunaokoa hoteli lakini kunakulazimisha kukubali saa yoyote ya safari iliyobaki. Kulala Page usiku mmoja kunakupa korongo saa mbili au saa tatu asubuhi, kabla mabasi hayajafika. Msimu nao unasaidia: Novemba hadi Februari hakuna mwali, hoteli hushuka bei, vikundi hupungua, na rangi za kuta hazijaenda popote. Mtu asiyefuata mwali ataipata Antelope nafuu na tulivu katika miezi hiyo, mradi abebe koti, kwa kuwa jangwa hilo la nyanda za juu lina baridi kali asubuhi.

Hivyo basi, ushauri wangu ni huu. Familia inayopiga kwa simu iende Korongo la Chini asubuhi mapema, ilale Page, na ifike ofisini nusu saa kabla. Mwenye wazazi wasioweza ngazi za wima achague Korongo la Juu, lakini asubuhi au alasiri, si adhuhuri, na akiba ya dola anayoipata ailipe bakshishi. Mwenye kamera na stendi asilipe hata senti moja kwa Korongo la Juu kabla hajatafuta safari ya picha Canyon X au jirani zake, kikundi kisichozidi watu sita au wanane, kwa maandishi. Na yeyote utakayemlipa, mpigie simu siku moja kabla umuulize mambo mawili: saa yao ni ngapi sasa hivi, na mvua inatarajiwa wapi.